Pafu la Chuma: Pale Bendi Inapouchoka Wimbo Unaoilisha

Wanachuo wenzangu, naanza na swali. Umeshawahi kufanya jambo moja zuri, watu wakakushangilia, halafu tangu siku ile hakuna anayetaka kusikia jambo lako la pili?

Mimi limenikuta. Nikiwa mwaka wa kwanza, usiku wa kuwakaribisha wanafunzi wapya, nilipanda jukwaani na shairi la kuchekesha kuhusu wali wenye mawe. Nililiandika mchana wa siku hiyo hiyo pale kwenye vimbweta, huku jino likiniuma. Ukumbi mzima ulivunjika mbavu. Kuanzia hapo jina langu la kuzaliwa likafa, nikawa Mama Kokoto. Sasa niko mwaka wa tatu. Muhula uliopita nilisimama tena kwenye usiku wa mashairi, safari hii na shairi kuhusu bibi yangu aliyepoteza kauli baada ya kupata kiharusi. Sikufika ubeti wa tatu. Huko nyuma mtu akapaza sauti, "Kokoto! Kokoto!" na wengine wakadakia. Nikacheka nao, nikawapa Kokoto yao, nikashuka. Makofi yalikuwa mengi kweli. Nilipofika chumbani nilijifunika shuka mpaka kichwani.

Siandiki haya ili nionewe huruma. Nayaandika kwa sababu wiki ile ile mwenzangu wa chumbani, ambaye ni mpenzi wa muziki wa roki, alinipa spika za masikioni akaniambia, "Shoga, hawa jamaa waliimba tatizo lako." Wimbo wenyewe unaitwa "My Iron Lung", yaani "Pafu Langu la Chuma", wa bendi ya Uingereza iitwayo Radiohead. Ulitoka mwaka 1994, kabla wengi wetu hatujazaliwa. Nikausikiliza mara ya kwanza, sikuelewa kitu zaidi ya makelele. Mara ya tatu nikachukua daftari. Makala haya ndiyo yaliyotoka kwenye daftari hilo. Nitaeleza wimbo ulizaliwaje, umejengwaje, na kwa nini nadhani mwanafunzi wa chuo ana cha kujifunza hapo hata kama roki haimpandi kichwani.

Bendi na wimbo uliowatoa

Radiohead ni watu watano: Thom Yorke anayeimba na kupiga gitaa, Jonny Greenwood na Ed O'Brien kwenye magitaa, Colin Greenwood, kaka yake Jonny, kwenye besi, na Phil Selway kwenye dramu. Walikutana wakiwa wanafunzi katika shule moja ya wavulana huko Abingdon, karibu na mji wa Oxford, na bendi yao ya kwanza waliiita On a Friday. Kitu kilichonifurahisha ni kwamba karibu wote walipitia maisha kama yetu haya. Walipomaliza shule walitawanyika kwenye vyuo vikuu mbalimbali, Yorke akaenda Exeter, Colin Cambridge, O'Brien Manchester, na bendi ikawa ya likizo. Wakifunga chuo wanakutana, wanafanya mazoezi, wakifungua wanatawanyika tena. Mwaka 1991 walisaini mkataba na kampuni ya EMI, wakabadili jina. Jonny, mdogo wao, ndio kwanza alikuwa ameanza masomo ya juu, akayaacha.

Mwezi Septemba 1992 walitoa wimbo unaoitwa "Creep". Ni wimbo wa mtu anayejiona hafai, anayemtazama anayempenda kwa mbali na kujiambia kwamba yeye si wa mahali pale. Nyumbani Uingereza haukufika popote. Kwenye chati uliishia nafasi ya 78. Albamu yao ya kwanza, Pablo Honey, ilitoka Februari 1993 bila kishindo kikubwa. Ila muziki una mambo yake. Redio za Israel zikaupenda ule wimbo, kisha redio za Marekani zikaudaka, na katikati ya 1993 vijana wa Marekani walikuwa wanauimba kama wimbo wa taifa. Kwenye chati kuu ya Marekani ulifika nafasi ya 34. Uingereza ukatolewa upya Septemba 1993, na mara hii ukapanda hadi nafasi ya 7. Wimbo ule ule, nchi ile ile, ndani ya mwaka mmoja.

Kwa lugha ya mtaani tungesema wametoka. Na kweli walitoka. Lakini wakajikuta wakizunguka Marekani kwa miezi mingi wakipiga nyimbo za albamu moja mbele ya watu ambao wengi wao walikuja kusikia wimbo mmoja. Niliposoma hivyo nikaisikia kelele ya "Kokoto! Kokoto!" kutoka nyuma ya ukumbi.

Mtego wa albamu ya pili

Kwa wasiofuatilia muziki, nieleze kidogo. Msanii au bendi ikiandaa albamu, kabla albamu haijatoka huachiwa wimbo mmoja wa kutangulia. Hiyo ndiyo singo ya kwanza, na ndiyo mshenga wa albamu nzima. Inakwenda redioni na kwenye televisheni kuwaambia watu: tumerudi, na tumerudi na kitu gani. Sasa singo ya kwanza ya albamu ya pili ina mzigo mzito kuliko zote. Albamu ya kwanza umeiandika kwa maisha yako yote ya nyuma, hakuna anayekungoja. Ya pili unaiandika huku kila mtu ameshika saa.

Mwanzoni mwa 1994 Radiohead waliingia studio za RAK jijini London na prodyuza John Leckie. Huyu si mtu mdogo. Alianza kazi katika studio za Abbey Road, na ndiye aliyesimamia albamu ya kwanza ya The Stone Roses ya mwaka 1989. Miaka ya baadaye alifanya kazi pia na Baaba Maal wa Senegal. Lebo ilitaka kitu kimoja: singo inayoweza kuuza. Basi zikachaguliwa nyimbo kadhaa zilizoonekana zina dalili, zikashughulikiwa kwanza kuliko nyingine. Matokeo yake, kila wimbo ulipigwa kwa jicho la kuuliza, "Huu ndio?" Wiki zikapita na kazi haiendi.

Yeyote aliyewahi kuandika kazi huku akiwaza maksi tu anaijua hali hii. Unaandika sentensi, unaifuta. Unaandika nyingine, unajiuliza mhadhiri ataionaje, unaifuta. Mwisho wa siku una ukurasa mtupu na kichwa kinauma.

Kilichowakwamua ni kutoka. Waliondoka studio wakaenda kupiga maonyesho, na nyimbo mpya zikapata pumzi mbele ya watu. Tarehe 27 Mei 1994 walipiga katika ukumbi wa Astoria jijini London, na onyesho likarekodiwa. Miongoni mwa nyimbo mpya za usiku huo ulikuwemo "My Iron Lung". Studio ulikuwa umewashinda, haukutoka walivyotaka. Jukwaani ukatoka. Wakaamua kuchukua rekodi ile ile ya jukwaani, wakaziondoa kelele za watazamaji, na Yorke akarekodi upya sauti yake juu yake. Kwa hiyo unaposikiliza wimbo huu kwenye albamu, magitaa, besi na dramu unazosikia ni za ukumbini, na waliokuwa wakishangilia wamefutwa. Nimelifikiria sana jambo hili. Wimbo unaolalamikia namna bendi inavyoshikiliwa na watazamaji ulirekodiwa mbele ya watazamaji, kisha watazamaji wakatolewa.

Ukumbi wenyewe haupo tena. Ulifungwa mwaka 2009, ukabomolewa kupisha ujenzi wa reli.

Pafu la chuma ni kitu gani

Hapa ndipo nilipolazimika kuacha muziki na kwenda kuwasumbua rafiki zangu wa udaktari. Pafu la chuma halikubuniwa na mshairi. Ni mashine halisi. Ilitengenezwa Marekani na Philip Drinker na Louis Agassiz Shaw, na ilianza kutumika kwa mgonjwa mjini Boston mwaka 1928. Ilikuwa kwa ajili ya wagonjwa ambao misuli yao ya kupumua imepooza, hasa watoto waliopata polio.

Piga picha pipa kubwa la chuma limelazwa. Mgonjwa analazwa ndani, kichwa tu ndicho kinachobaki nje, na shingoni panazibwa pasipitishe hewa. Pampu inapunguza mgandamizo wa hewa ndani ya pipa, kifua kinavutwa na kutanuka, hewa inaingia puani. Kisha mgandamizo unarudi, kifua kinashuka, hewa inatoka. Hivyo hivyo, mchana na usiku. Mashine haimsukumii mgonjwa hewa mdomoni. Inakifanya kifua chake kipumue.

Chanjo ya polio ya Jonas Salk ilipopatikana mwaka 1955, na baadaye ile ya matone ya Albert Sabin, wagonjwa wakapungua sana, na mashine za kisasa zaidi zikachukua nafasi. Kufikia 1994 pafu la chuma lilikuwa kitu cha kwenye picha za zamani. Ndiyo maana ni taswira kali. Bendi ya vijana inajiweka ndani ya chombo cha kizamani, kizito, chenye kelele, ambacho bila hicho ingekufa, na kwa hicho haiwezi kusogea.

Chombo hicho ni "Creep". Wimbo uliolipa madeni na uliofanya lebo iendelee kuwagharimia studio. Bila wimbo huo huenda kusingekuwa na albamu ya pili. Na kwa sababu ya wimbo huo kila mtu aliisubiri albamu ya pili iwe "Creep" nyingine.

Wimbo umejengwaje

Sitanukuu maneno yake. Nitaeleza ninavyousikia, nanyi mkausikilize wenyewe.

Unaanza na gitaa la Jonny Greenwood, nyuzi zinazojikunja na kujirudia, lakini sauti yake si ya gitaa la kawaida. Amelipitisha kwenye pedali inayoitwa Whammy, inayoipandisha noti juu ya mahali ilipopigwa, hivyo unasikia gitaa linalolia kwa sauti nyembamba kama mtu anayebanwa pumzi. Mimi nilijua ni kasoro ya spika za mwenzangu. Kumbe ndivyo lilivyokusudiwa.

Yorke anaingia kwa upole, karibu sauti ya kubembeleza mtoto. Maneno yake ni makali lakini sauti imetulia. Jina la wimbo linatajwa huku huku kwenye utulivu, na linatajwa pamoja na shukrani. Hapa nilisimama nikaandika kwenye daftari: ni kejeli au ni kweli? Jibu langu ni kwamba ni vyote viwili. Anayeshukuru mashine inayompumulia hadanganyi, na anayeichukia vilevile hadanganyi.

Mahali pengine wimbo unajizungumzia wenyewe. Unamwambia msikilizaji, kwa dharau kidogo, kwamba huu ndio wimbo mpya aliokuwa akiusubiri, na kwamba hautofautiani na uliotangulia. Ni kama mtumbuizaji ameshika maikrofoni akasema, "Haya, si hiki mlichokitaka?" Hiyo ni singo ya kwanza, mshenga yule yule aliyetumwa kuwabembeleza wanunuzi. Amefika ukweni akaanza kwa kuisema familia.

Halafu mlipuko. Magitaa yanafumuka yote kwa pamoja, sauti inakwaruza, dramu zinakimbia. Ndipo nilipogundua jambo ambalo nadhani ndilo kiini cha ufundi wa wimbo huu. "Creep" nao umejengwa hivyo hivyo: ubeti mtulivu, kisha gitaa la Jonny linakwaruza mara kadhaa, kisha kiitikio kinalipuka. Ukiziweka nyimbo mbili hizi sambamba utaona zinafanana kwa umbo. Tofauti ni kwamba mlipuko wa "Creep" una maneno mepesi ambayo ukumbi mzima unaweza kuyaimba na kupeperusha mikono. Mlipuko wa "My Iron Lung" hauna cha kuitikia. Ukifika pale unapotarajia kuimba, unapokewa na kelele. Wamekupa umbo uliloliomba, wakaondoa kile ulichokuwa unakifuata.

Kwa wanaosoma fasihi, hii ndiyo ile tunayoambiwa kila siku darasani kwamba fani hubeba maudhui. Malalamiko ya wimbo hayako kwenye maneno tu. Yamo katika kitu ambacho wimbo unakataa kukupa.

Ulifika wapi

"My Iron Lung" ulitoka Septemba 1994 na kuishia nafasi ya 24 kwenye chati ya Uingereza. Kwa bendi iliyokuwa na wimbo wa nafasi ya 7 mwaka mmoja nyuma, mtaani kwetu wangesema jamaa wameanza kufulia. Na kuna kichekesho kimoja. Wimbo huu ulitolewa pia pamoja na nyimbo nyingine kama mkusanyiko mdogo wa nyimbo nane, na ya mwisho kati ya hizo nane ilikuwa nini? "Creep", ikipigwa kwa gitaa kavu. Yaani hata kwenye rekodi ya kulalamikia pafu la chuma, pafu lenyewe lilipakiwa mle mle.

Albamu, The Bends, ilitoka Machi 1995. Haikulipuka siku ya kwanza. Ilipanda taratibu, wimbo baada ya wimbo, mpaka ikafika nafasi ya 4 Uingereza. Na mwanzoni mwa 1996 singo ya mwisho ya albamu hiyo, "Street Spirit (Fade Out)", ilifika nafasi ya 5, juu ya pale "Creep" ilipowahi kufika nyumbani. Ni wimbo wa polepole, wa huzuni, usiofanana hata kidogo na "Creep". Mwaka uliofuata wakatoa OK Computer, albamu iliyoshika nafasi ya kwanza Uingereza, na hakuna tena aliyewaita bendi ya wimbo mmoja.

Na "Creep"? Kwa miaka mingi waliikwepa jukwaani. Lakini mwaka 2009, kwenye tamasha la Reading, waliitumia kufungulia onyesho. Kwenye ziara ya 2016 wakaipiga tena, kwa hiari yao.

Mgema, wakunga na mtu wa Dallas

Wahenga wetu wana methali inayotumika sana kwa wasanii: mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Maana yake tunaijua, sifa huleta uvivu. Ila "My Iron Lung" unaonyesha upande ambao methali haukuusema. Kuna mgema ambaye akisifiwa hatii maji. Anataka kupanda mnazi mwingine, ajaribu tembo la ladha nyingine, lakini wateja wamekaa chini ya mnazi ule ule na vibuyu vyao, wanagonga shina. Si mvivu. Amezuiliwa na sifa.

Mwenzangu wa chumbani nilipomwambia hivyo akanijibu na methali yake: usitukane wakunga na uzazi ungalipo. "Hao jamaa," akasema, "waliyekuwa wakimtukana ndiye aliyewazalisha." Tulibishana mpaka saa saba usiku. Na nakiri ana hoja. Kuna raha ya uongo katika kudharau kilichokulisha. Ningeweza kuandika makala haya nikiwalaumu waliopiga kelele ukumbini, wakati ni wao wale wale walionipa ujasiri wa kushika maikrofoni mara ya kwanza, nikiwa mgeni natetemeka. Wasingecheka siku ile, sidhani kama ningeandika shairi jingine.

Kilichonitoa kwenye ubishi ule ni habari ya mtu mmoja wa Marekani aliyeitwa Paul Alexander, wa mjini Dallas. Alipata polio mwaka 1952 akiwa na miaka 6, akawekwa ndani ya pafu la chuma. Alifariki Machi 2024 akiwa na miaka 78. Zaidi ya miaka 70 maisha yake yalitegemea mashine hiyo. Lakini hakukaa humo tu. Akiwa mtoto, mtaalamu mmoja wa mazoezi ya viungo alimwahidi zawadi ya kijibwa kama angeweza kupumua nje ya mashine kwa dakika 3. Alijifunza kumeza hewa funda funda, kuisukuma kifuani kwa ulimi na koo. Dakika 3 zikapatikana, na kijibwa kikaja. Baadaye dakika zikawa saa. Alikwenda chuo kikuu, akasoma sheria, akawa wakili, akasimama mbele ya mahakama kwenye kiti cha magurudumu. Jioni alirudi kwenye mashine yake akalala. Kitabu cha maisha yake alikipa jina linalotokana na zile dakika 3.

Niliposoma habari hiyo, wimbo ukabadilika masikioni mwangu. Radiohead nao hawakulivunja pafu lao. Fedha na nafasi iliyotokana na "Creep" ndiyo iliyowapa muda wa studio. Walichofanya ni kutoka nje ya mashine kwa dakika 4 na nusu hivi, urefu wa wimbo mmoja, wakaona kwamba hawafi. Kisha wakatoka kwa albamu nzima. Na walipokuwa wanaweza kupumua wenyewe, "Creep" haikuwa tena mashine. Ikawa wimbo tu, wanaoweza kuupiga au kuuacha.

Hapa chuoni

Sasa niwageukie wenzangu. Wengi wetu tuna pafu la chuma na hatujui.

Kuna aliyekuja na daraja la kwanza la kidato cha sita kwa kukariri. Kukariri kulimwokoa, hakuna wa kumcheka. Lakini yuko mwaka wa pili sasa, maswali yameanza kusema "jadili" na "tathmini", naye bado anameza desa la mwaka juzi neno kwa neno. Anapita kwa C, hapati sup, hafi. Lakini hasogei. Kuna yule aliyeshinda uchaguzi wa serikali ya wanafunzi kwa hotuba moja kuhusu bumu kuchelewa, na mpaka leo hana hotuba nyingine. Kuna binti mpole ambaye tangu nyumbani anasifiwa kwa kutobishana na mtu, na semina zinapita hajawahi kuuliza swali, akiogopa kuipoteza sifa hiyo.

Simwambii yeyote aitupe mashine yake. Anayekariri akiacha ghafla wiki moja kabla ya mtihani atadisko, na mimi sitaki lawama. Ninachosema ni dakika 3. Anayekariri ajibu swali moja la semina kwa maneno yake mwenyewe, hata kama atakosea, wiki hii. Yule binti aulize swali moja. Mwanasiasa wetu akae chini aandike hotuba ya pili, aisome mbele ya watu wawili kwenye vimbweta. Mwanzoni kifua kitabana. Huo ndio ujuzi wenyewe, kujua kwamba kubanwa na kufa si kitu kimoja.

Pia naomba jambo kwetu sisi tunaokaa upande wa watazamaji, maana hakuna msanii anayeingia ndani ya pafu la chuma peke yake. Kuna anayegonga shina la mnazi. Mtu akileta kitu kipya, tumpe beti tatu kabla ya kudai cha zamani. Kama ni kibaya, tumwambie ni kibaya. Hiyo nayo ni heshima. Kumwitia cha zamani katikati ni kumwambia kwamba alishamaliza kuishi.

Mwezi ujao kuna usiku wa utamaduni, na nimeshaombwa nipande jukwaani. Aliyeniomba alisema, "Mama Kokoto, si unajua watu wanataka nini?" Nikamjibu najua. Nimepewa dakika 8. Nimezigawa hivi: za kwanza ni za bibi yangu, ambaye siku hizi anaweza kutamka maneno mawili, jina langu la kuzaliwa likiwa mojawapo. Zikibaki, na mkiomba vizuri, nitamalizia na kokoto.